Akiba ya Uzeeni na Shida ya Leo

Katika gazeti letu la shule wenzangu wamezoea kuandika habari za michezo, za safari na za shamba la shule. Mimi leo naomba nafasi niandike habari za kiinua mgongo. Najua wako wasomaji watakaocheka, waseme, "Huyu ana umri wa miaka kumi na saba, mshahara wa kwanza hajaupata, naye ataka kutufundisha mambo ya kustaafu!" Lakini na wakumbuke kwamba wengi wetu tulio hapa ni watoto wa walimu, wauguzi, makarani na askari. Mshahara wa mzazi ukipungua, sanduku la mtoto wa bweni nalo hurudi shuleni likiwa jepesi. Basi jambo hili si la wazee peke yao.

Swali ninalotaka kulijibu ni hili: je, mtumishi wa umma aliyepatwa na shida kubwa aruhusiwe kuchukua sehemu ya akiba yake ya uzeeni kabla ya kustaafu, au akiba hiyo ifungwe kabisa mpaka siku yake ifike?

Kwanza yafaa tujue akiba hiyo hupatikanaje. Mtumishi wa umma huku kwetu Bara ni mwanachama wa Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma, ambao watu huuita PSSSF. Mfuko huu ulianza kazi tarehe 1 Agosti 2018, baada ya Sheria Na. 2 ya mwaka huo kuunganisha mifuko minne iliyokuwapo, yaani PSPF, LAPF, PPF na GEPF. Kila mwezi mtumishi hukatwa shilingi 5 katika kila shilingi 100 za mshahara wake, na mwajiri wake huongeza shilingi 15. Kwa hiyo mwenye mshahara wa shilingi 1,000,000 hukatwa 50,000, mwajiri hutoa 150,000, na jumla ya 200,000 huingia Mfukoni. Kwa mwaka ni 2,400,000. Mshahara ukikaa vivyo hivyo miaka 10, jumla ni 24,000,000, na katika hizo 6,000,000 zimetoka katika mshahara wake mwenyewe.

Fedha hizi hazitolewi ovyo. Mtumishi aweza kustaafu kwa hiari akiwa na miaka 55, na kwa lazima akiwa na miaka 60. Ikiwa amechangia miezi 180, ambayo ni miaka 15, hupata malipo ya namna mbili. La kwanza ni fungu la mkupuo, ndilo wazee wetu waliloliita kiinua mgongo. La pili ni pensheni ya kila mwezi mpaka mwisho wa maisha yake. Kabla ya hapo mlango wa Mfuko hufunguliwa kwa sababu chache tu, kama vile uzazi, maradhi yanayomwondoa mtu kazini, kifo, ambapo warithi hulipwa, na kukosa ajira. Aliyeachishwa kazi bila kupenda kwake, akiwa amechangia miezi 18 au zaidi, hulipwa theluthi moja ya mshahara wake kwa muda wa miezi 6. Lakini mtumishi aliye kazini, ambaye nyumba yake imeezuliwa na upepo au mtoto wake amekosa karo, hawezi kuchukua kitu. Shida yake haimo katika orodha.

Mambo hayakuwa hivi siku zote. Zamani mfanyakazi aliyeacha kazi aliweza kuomba michango yake akapewa. Jambo hilo liliitwa fao la kujitoa. Mwaka 2012 sheria ilibadilishwa ili michango isitolewe mpaka mwanachama afike umri wa kustaafu. Wafanyakazi, na hasa wa migodini, walipiga kelele nyingi, hata Serikali ikarudi nyuma. Sheria za mwaka 2018 zikaliondoa fao hilo, zikaweka mahali pake fao la kukosa ajira.

Mwaka huo huo ukatokea ubishi wa pili, nao ni wa kikokotoo, yaani hesabu ya kugawa malipo ya mstaafu. Kanuni mpya zilisema mstaafu apewe robo tu kwa mkupuo, na robo tatu alipwe kidogo kidogo kila mwezi. Waliozoea kupewa nusu walinung'unika sana. Tarehe 28 Desemba 2018 Rais John Magufuli alikutana na viongozi wa wafanyakazi Ikulu, akaamuru hesabu za zamani zirudi kwa muda. Kuanzia tarehe 1 Julai 2022 ikawekwa asilimia 33 kwa wote. Katika bajeti ya mwaka 2024/25 wale ambao zamani walipata nusu wakapandishwa mpaka asilimia 40, na wale waliopata robo wakapandishwa mpaka asilimia 35.

Nimejaribu kufanya hesabu hiyo kwa kalamu na karatasi, nami nawaomba wapenzi wa hisabati waikague. Mchukue mtumishi aliyefanya kazi miaka 30, yaani miezi 360, na wastani wa mshahara wake ni 1,000,000 kwa mwezi, yaani 12,000,000 kwa mwaka. Zidisha 12,000,000 kwa 360, kisha ugawe kwa 580, utapata 7,448,276. Hiyo ndiyo pensheni yake nzima ya mwaka. Sehemu ya mkupuo huzidishwa kwa 12.5, na sehemu iliyobaki hugawanywa kwa miezi 12. Kwa asilimia 33, mkupuo ni shilingi 30,724,138 na pensheni ni 415,862 kila mwezi. Kwa asilimia 40, mkupuo wapanda mpaka 37,241,379, lakini pensheni ya mwezi yashuka mpaka 372,414. Twaona basi kwamba kilichoongezwa mkononi leo kimepunguzwa katika kila mwezi wa kesho. Mtu yeyote anayetaka kujadili jambo hili na aanze kwa kulikubali hilo.

Muhula uliopita Chama chetu cha Majadiliano kilileta jambo hili ukumbini. Waliounga mkono hoja walisema kwamba fedha ni ya mtumishi mwenyewe, na mwenye mali hapangiwi. Ndipo mpinzani mmoja wa Kidato cha Tatu alipoinuka akasema kwamba walimu wakifunguliwa mlango huo, pikipiki zitakwisha madukani Korogwe kwa siku moja, na waliobaki na fedha wataoa mke wa pili. Ukumbi mzima ulicheka, na walimu wenyewe walicheka. Lakini chini ya kichekesho kile mlikuwa na hoja, na kura zilipohesabiwa wapinzani walishinda. Mimi nilikuwa nimenyoosha mkono, lakini kengele ya chakula ililia kabla ya kuitwa. Haya niandikayo ndiyo ningeyasema siku ile.

Nianze kwa kuwapa wapinzani haki yao, maana hoja yao naijua kutoka nyumbani. Babu yangu mzaa mama ni Mzigua wa Handeni, aliyekuja Korogwe katika ujana wake kukata mkonge. Siku hizo mkonge ndio uliokuwa mfalme wa nchi hii ya Tanga. Mashamba yalienea Magunga, Ngombezi, Mnyuzi mpaka Hale. Sheria ya Akiba ya Wafanyakazi ilikuwa imetungwa mwaka 1964, na Babu alipoanza kazi akawa anakatwa sehemu ya ujira wake. Mwishoni mwa miaka ya themanini, bei ya mkonge ikiwa imekwisha kuanguka kwa sababu ya kamba za plastiki, Babu aliacha kazi. Alikuwa na umri wa miaka arobaini na kitu. Alipewa akiba yake yote kwa mara moja.

Asema hajapata kushika fedha nyingi kama zile, kabla wala baada ya siku hiyo. Alinunua cherehani, baiskeli na bati za nyumba. Akawapa ndugu waliokuja kumpa pole ya kuacha kazi na hongera ya kupata fedha, yote katika salamu moja. Akafungua duka la chumvi, sabuni na mafuta ya taa. Lakini miaka ile shilingi ilikuwa ikipoteza thamani mbio mbio, na duka lake likawa lakopesha kuliko linavyouza. Miaka miwili haikupita, fedha yote ilikuwa imekwisha. Leo Babu amepita miaka themanini na hana pensheni hata senti. Fedha ya ugoro, ya dawa na ya viatu, yote hutoka kwa Mama. Babu hakuwa mlevi wala mvivu. Alipewa akiba ya miaka zaidi ya ishirini kwa siku moja, nayo ilikutana na shida za siku hiyo. Mara nyingi hutuambia, "Wajukuu zangu, mimi niliula uzee wangu nikiwa bado kijana."

Kwa hiyo mtu akiniambia kwamba Serikali ina haki ya kuifunga akiba, simbishii. Nimekula sahani moja na sababu yenyewe.

Sasa niende upande wa pili. Mama ni mwalimu wa shule ya msingi katika kijiji kimoja cha Handeni. Ameniruhusu kueleza haya kwa sharti kwamba nisimtaje mtu aliyemkopesha. Mama alikuwa amechukua mkopo wa benki akajenga nyumba, na makato yake yalikuwa yamefika mwisho, maana sheria hairuhusu makato yamwachie mtumishi chini ya theluthi moja ya mshahara wake. Ndipo mambo matatu yakaja kwa pamoja. Mvua zilikatika mahindi yakiwa katika mbelewele, tukawa watu wa kununua unga. Dada yangu mkubwa alipata nafasi katika chuo cha uuguzi, akatakiwa kulipa karo kabla ya tarehe iliyowekwa, ama sivyo nafasi apewe mwingine. Tena Babu alianguka akavunjika nyonga. Matibabu yake yalilipwa na bima ya Mama, lakini bima hailipi nauli za kwenda na kurudi Tanga mjini, wala chakula cha aliyekaa naye, wala gari la kumrudisha mgonjwa asiyeweza kuketi.

Mama alikuwa na taarifa ya michango yake. Niliiona mezani nikaisoma: sehemu aliyokatwa mwenyewe, mbali na ya mwajiri, ilikuwa imepita shilingi 6,000,000. Alichohitaji ni 1,000,000. Nikamwuliza kwa nini asiombe huko. Akanijibu, "Mwanangu, hiyo ni yangu nitakapokuwa mzee. Leo si yangu."

Basi akakopa kwa mtu. Mikopo hiyo watu huiita kausha damu, na jina hilo ni la haki. Kwa ile 1,000,000 riba ilikuwa 200,000 kila mwezi, na dhamana ni kadi ya benki pamoja na namba yake ya siri. Siku ya mshahara mkopeshaji ndiye aliyekwenda kwenye mashine, akatoa chake, kisha akamletea Mama kilichobaki. Ilipita miezi 9. Mama alikuwa amelipa 1,800,000 za riba, na ile 1,000,000 ilikuwa bado imekaa pale pale kama jiwe. Miezi hiyo yote alikwenda kazini kwa miguu, kwa kuwa fedha ya bodaboda haikuwapo, naye hakukosa kipindi. Mimi nilikuwa Kidato cha Pili. Siku ya wazazi aliniletea karanga na mkate, akaniambia nyumbani ni kuzuri. Dada ndiye aliyekuja kunieleza ukweli. Mwishoni Mjomba aliuza ng'ombe wawili, deni likalipwa, kadi ikarudi. Waswahili husema kukopa harusi, kulipa matanga. Sisi hata hiyo harusi hatukuiona.

Nimeziweka habari hizi mbili pamoja ili wasomaji wazipime. Ya Babu yatufundisha kwamba akiba iliyoachwa wazi huliwa. Ya Mama yatufundisha jambo ambalo wapinzani ukumbini hawakuliona, kwamba kufuli la Mfuko haliizuii shida kuingia nyumbani. Mtumishi aliyefungiwa akiba yake haketi akavumilia tu. Hukimbilia kwa mkopeshaji. Fedha iliyookolewa Mfukoni hupotea katika mshahara, tena hupotea zaidi ya ile aliyoihitaji. Mama alihitaji 1,000,000, ikaondoka 2,800,000. Na mtumishi afikaye miaka 60 akiwa na madeni ya namna hiyo, kiinua mgongo chake huwa kimekwisha kupata wenyewe kabla hajakishika.

Huku Handeni mkulima huchagua mahindi mazuri ya mbegu akayaning'iniza darini juu ya meko, ili moshi uyalinde na wadudu. Mtoto hafundishwi mara mbili kwamba mbegu haiguswi. Lakini mwaka wa njaa, nyumba ikiwa na mgonjwa, Bibi hupanda akashusha magunzi mawili ya mahindi kwa ajili ya uji wa mgonjwa, yaliyobaki akayaacha juu. Hakuna aliyewahi kumwita Bibi mharibifu. Kama angeshusha yote, tungekosa mavuno. Kama asingeshusha hata moja, mgonjwa angelala na njaa chini ya mahindi. Nadhani sheria ya akiba yapaswa kuwa na akili ya Bibi.

Wenzetu wa nchi nyingine wamekwisha kulijaribu jambo hili. Nchini Uganda, sheria ya Mfuko wa NSSF, ambao zaidi ni wa wafanyakazi wasio wa Serikali, ilibadilishwa mwaka 2022. Mwanachama aliyefika miaka 45 na kuchangia miaka 10 aweza kuchukua asilimia 20 ya akiba yake. Mwenye ulemavu huruhusiwa kuanzia miaka 40, naye huweza kupata mpaka nusu. Kenya mwaka 2020 iliruhusu mwanachama wa mfuko wa kustaafu atumie mpaka asilimia 40 ya akiba yake kununua nyumba ya kuishi, isizidi shilingi milioni 7 za Kenya. Afrika ya Kusini tangu tarehe 1 Septemba 2024 imegawa michango mipya katika mafungu mawili: theluthi moja mtu aweza kuigusa mara moja kwa mwaka, na theluthi mbili hazigusiki mpaka astaafu.

Lakini iko na nchi ya kutuonya. Chile, huko Marekani ya Kusini, wakati wa ugonjwa wa korona iliwaruhusu watu kuchukua sehemu ya akiba zao za uzeeni mara tatu, katika mwaka 2020 na 2021. Watu wengi walipata chakula kwa fedha ile, lakini wengi pia walibaki na akaunti tupu. Hao ni Babu zetu wa kesho.

Hapa kwetu Serikali imewahi kuonyesha kwamba kufuli laweza kulegezwa. Mwezi wa Aprili 2017 watumishi 9,932 walitajwa kuwa na vyeti vya kughushi, wakaondolewa kazini bila malipo. Mwaka 2022 Serikali iliamua kwamba warudishiwe ile michango waliyokatwa wenyewe, lakini si ile ya mwajiri, na malipo yakaanza mwezi wa Novemba. Simtetei mwenye cheti cha kughushi. Sisi wa Kidato cha Nne tunaokesha na vitabu ndio wa kwanza kumlaumu. Nalitaja jambo hili kwa sababu moja tu. Uamuzi ule uliitenga shilingi 5 ya mtumishi na shilingi 15 ya mwajiri. Kama zaweza kutengwa kwa ajili ya mtu aliyekosa uaminifu, kwa nini zisitengwe kwa ajili ya mwalimu mwaminifu mwenye shida?

Basi maoni yangu ni haya.

Kwanza, mtumishi aliyechangia miaka 10 au zaidi aruhusiwe kuomba sehemu isiyozidi robo ya michango aliyokatwa mwenyewe. Ile ya mwajiri isiguswe kabisa. Mwenye 6,000,000 zake angepata 1,500,000. Si fedha ya kununulia gari, lakini yatosha kumwokoa mtu na kausha damu.

Pili, sababu ziwe chache nazo zitajwe katika sheria: maradhi ya mtu wa nyumbani, karo ya mtoto, na nyumba iliyobomoka kwa mvua, moto au upepo. Panapowezekana fedha ilipwe moja kwa moja chuoni au dukani kwa mwenye bati, isipite mkononi. Hapo yule ndugu yetu wa Kidato cha Tatu hatakuwa na hofu ya pikipiki wala ya mke wa pili.

Tatu, iwe mara mbili tu katika maisha yote ya kazi, na kati ya mara ya kwanza na ya pili ipite miaka 5.

Nne, kilichochukuliwa kikatwe katika mkupuo siku ya kustaafu, pamoja na faida ambayo fedha hiyo ingeuzalia Mfuko. Pensheni ya kila mwezi ibaki nzima, kwa kuwa hiyo ndiyo unga wa mzee. Tena mwombaji aonyeshwe kwa maandishi, kabla ya kutia sahihi, kiinua mgongo chake kitapungua kiasi gani.

Mwalimu wetu mmoja niliyemwonyesha maoni haya alinipa pingamizi moja zito. Alisema Mfuko si kibubu, ambamo kila mtu hukuta fedha yake imelala ikimngoja. Ni chungu kimoja: michango ya walio kazini leo husaidia kuwalipa waliostaafu jana. Watu wengi wakija kwa siku moja, chungu hukauka. Tena alinikumbusha kwamba chungu chenyewe kiliwahi kuwa na pengo kubwa, kwa kuwa watumishi wa kabla ya mwaka 1999 hawakuwa wakichangia, nao walistahili kulipwa. Hata mwaka 2021 Serikali ikatoa hatifungani ya zaidi ya shilingi trilioni 2 ili kulipunguza deni hilo. Ni kweli, nami sina jibu la kulifuta pingamizi hilo lote. Ndiyo sababu nimesema robo wala si nusu, na ya mtumishi wala si ya mwajiri. Mwenye ujuzi wa hesabu za bima akithibitisha kwamba hata robo ni nyingi, na iwe moja ya tano. Lakini iwe kitu.

Wakati tunangoja sheria, wazazi wetu wana njia ambazo sheria haijazifunga. Vyama vya akiba na mikopo vya watumishi vipo, na riba yake haifanani hata kidogo na ya kausha damu. Lakini chama hakimsaidii mtu aliyejiunga siku ya msiba, yafaa ajiunge mapema. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 yamtaka mkopeshaji awe na leseni, basi mkopaji asione haya kuomba kuiona. Kadi ya benki na namba ya siri asipewe mtu yeyote. Na kila mtumishi aitazame taarifa ya michango yake angalau mara moja kwa mwaka, ahakikishe jina lake na miezi yake ni sawa, maana miezi ndiyo inayozidishwa katika ile hesabu niliyoionyesha, na mwezi mmoja usioandikwa ni fedha iliyopotea.

Kwetu sisi wanafunzi nina neno moja. Tunapoandika barua nyumbani au tunapopiga simu kuomba fedha ya matumizi, tuulize kwanza hali ya nyumbani, tena tuulize mara ya pili, kwa kuwa mzazi mara ya kwanza husema ni nzuri. Fedha nyingine tunazoziomba zimetoka mahali ambapo mzazi hapendi tupajue.

Namwomba Katibu wa Chama cha Majadiliano airudishe hoja hii ukumbini muhula ujao, kabla sisi wa Kidato cha Nne hatujaingia katika mtihani. Safari hii tuwaalike na wazazi, wao wana mengi ya kusema kuliko mimi. Nami naomba nafasi ya kwanza, kabla ya kengele ya chakula.

Mwanafunzi wa Kidato cha Nne